Hapa Makambako tunashika mbili kila siku

Ndugu Mhariri,

Habari za kazi. Mimi ni msomaji wenu wa siku nyingi, gazeti huwa linanifikia jioni likiwa limeshapita mikono ya nusu stendi lakini nalisoma mpaka matangazo ya vifo. Juzi mlitoa barua ya msomaji mmoja anayesema dunia imegawanyika tena, huku Marekani huku China na Urusi, kwa hiyo nchi ndogo kama yetu ichague upande mapema kabla haijachaguliwa, akamalizia na ule msemo wa mshika mbili moja humponyoka. Barua imeandikwa vizuri sikatai, ila ndugu yangu huyo nadhani hajawahi kukaa Makambako.

Ngoja nimweleze nilipo. Mimi nauza spea za malori, kibanda changu kinaangalia barabara kuu ya Dar kwenda Zambia, wazee bado tunaiita Tanzam, ambayo Mmarekani alitia hela nyingi kwenye lami yake miaka ile. Ukinipa mgongo ukatembea kidogo unafika stesheni ya TAZARA, reli ya Mchina. Na njia hiyohiyo ya kwenda Zambia lipo bomba la mafuta la TAZAMA, lile walijenga Waitaliano, likaanza kazi 1968. Mmarekani, Mchina na Mtaliano wote kwenye njia moja, tena kipindi ambacho Mmarekani na Mchina walikuwa hawasalimiani kabisa, Mmarekani anasema serikali ya China ni ile ya kisiwani Taiwan na hii ya Beijing haipo. Haipo lakini inachimba mahandaki Mlimba! Hata rafu yangu leo iko hivyohivyo, upande huu filta na klachi za Howo, malori ya Mchina, upande ule za Freightliner ya Mmarekani, na sijawahi kusikia filta zinagombana.

Sasa huyu ndugu akisema mshika mbili humponyoka moja mimi namuuliza, je yule mshika moja akiponyokwa na hiyohiyo moja anabaki na nini?

Baba yangu alikuwa kibarua kwenye reli, kipande cha Mlimba kuja huku juu Makambako, ambacho mtu yeyote wa TAZARA atakwambia ndicho kilikuwa kigumu kuliko vyote maana unatoka bondeni Kilombero unapanda milima, ni madaraja na mahandaki tu mpaka utokee huku kwenye baridi. Mimi nilikuwa na miaka kama tisa kumi. Alikuwa anakuja nyumbani na maneno mawili matatu ya Kichina, lile la kuaikuai yaani haraka haraka ndilo tulilishika sisi watoto, mama akikutuma dukani anakuambia kuaikuai. Alikuwa anasema Wachina wale hawana ubosi, injinia anabeba tofali, wakifika kambi mpya kabla hata hawajakaa sawa wanalima bustani ya mboga. Na walikufa pia, zaidi ya 60 walifia huku kwetu, makaburi yao yapo kule Gongo la Mboto Dar mpaka leo.

Nyumbani kwetu lipo beseni moja, lile la bati lililopakwa rangi nyeupe lina maua mekundu katikati, ukingo umebanduka umebaki mweusi. Mama alilinunua duka la RTC, yale maduka ya serikali ya kila mkoa. Wakati ule hatukujua, mimi nimekuja kuelewa ukubwani, kwamba beseni lile ni sehemu ya reli. Mchina alitukopesha sisi na Zambia yuan milioni 988 bila riba, kulipa miaka 30, lakini sehemu kubwa ya gharama za hapahapa, mshahara wa kibarua kama baba na vitu vidogo vidogo, ilikuwa inapatikana kwa kuuza bidhaa za Kichina madukani, mabeseni, chupa za chai, vitambaa, baiskeli. Kwa hiyo baba analipwa mshahara, mama anaenda nao RTC kununua beseni, hela ya beseni inarudi kumlipa baba. Nikiwaza huwa nacheka peke yangu. Nakumbuka na manung'uniko yaliyokuwepo, watu walikuwa wanataka kitu fulani dukani hakipo, kilichopo ni cha Mchina, unachukua. Hakukuwa na cha bure, na wakubwa walijua si cha bure.

Hapa ndipo nataka ndugu yangu anisikilize. Watu wanafikiri tulikimbilia kwa Mchina kwa sababu ya ujamaa na mapenzi. Hapana bana. Mwalimu na Kaunda wa Zambia walianza Magharibi, Benki ya Dunia ikasema mwaka 1964 reli hiyo hailipi kiuchumi, bora washughulikie barabara. Waingereza na Wakanada nao baadaye walipima wakasema inawezekana, lakini mwenye hela ya kujenga hakujitokeza. Mwalimu alivyoenda Beijing Februari 1965 ndio Mchina akasema sawa, na Kaunda mwenyewe inajulikana mwanzoni alisitasita, hakutaka aonekane kaingia kwa wakomunisti. Mkataba ukasainiwa Beijing Septemba 1967, kazi ikaanza rasmi 1970, mwaka 1975 reli imefika, kilomita 1,860. Mmarekani alipoona Mchina anakuja kweli, lami ya Tanzam nayo ikapata hela. Yaani sisi tulikuwa na kitu chetu tunachokitaka, kufika Zambia bila kupita kwa Smith, kiongozi wa walowezi wa Rhodesia ambayo leo ni Zimbabwe, na Mreno wa Msumbiji, tukabisha hodi mlango mmoja mmoja. Ukiwa na kitu chako unachokitaka huwezi kuulizwa uko upande gani, unauliza wewe, nani ananisaidia hiki?

Sasa wapo wanaosema enzi zile ilikuwa rahisi, Vita Baridi kila mtu alikuwa anabembelezwa. Nani kasema ilikuwa rahisi? Tulipigwa vibao vya kutosha.

Cha kwanza Wajerumani. Mapinduzi ya Zanzibar Januari 1964 yakitokea Ujerumani Mashariki wakawatambua haraka, wakafungua ubalozi Unguja, mpaka leo majumba waliyojenga Kikwajuni yapo. Aprili tukaungana, sasa Muungano ukarithi ubalozi ambao Ujerumani Magharibi hawataki hata kuusikia, kwao nchi yoyote ikiitambua Mashariki basi urafiki umekwisha. Na Magharibi ndio walikuwa wanatusaidia, tena walikuwa wanatufundishia wanajeshi wa anga na wa majini. Mwalimu akatafuta njia ya katikati, ubalozi ufungwe lakini wawe na ofisi ya konseli Dar bila kuitambua nchi yao. Magharibi wakaona hiyo ni dharau, Februari 1965 wakaondoa wakufunzi wa jeshi ghafla, wakidhani tutapiga magoti. Mwalimu akawaambia basi chukueni na msaada mwingine wote uliobaki. Wote! Kiongozi wa nchi maskini kama ile, miaka mitatu tu tangu uhuru, anarudisha msaada. Kazi ya kufundisha jeshi la anga tukawapa Wakanada, watu ambao hawakuwa na ugomvi na mtu. Hiyo ndio akili ninayoisemea, hakukimbilia Moscow kwa hasira.

Mwezi mmoja kabla ya hapo, Januari hiyohiyo 1965, tulifukuza wanadiplomasia wawili wa Kimarekani, mmoja alikuwa konseli Zanzibar anaitwa Frank Carlucci, huyu baadaye alikuja kuwa Waziri wa Ulinzi wa Marekani. Inavyosimuliwa simu yao ilisikilizwa, wakasikika wanasema wanahitaji risasi, kumbe kwa Kimarekani chao risasi ni hoja za kuwashawishi mabosi wao Washington. Sisi tukasikia risasi, na mapinduzi ni ya juzi tu, ungefanyaje? Wakafukuzwa, Marekani nao wakamfukuza wa kwetu. Mimi naona pale tulikosea, tuliruka kabla ya kuuliza, na nchi ndogo inayojiita haifungamani na mtu inatakiwa iwe na watu wanaojua lugha ya mkubwa mpaka mafumbo yake. Lakini ona, miaka michache tu baadaye Mmarekani huyohuyo ameshika koleo la lami. Wakubwa hawanuni milele, wananuna mpaka pale maslahi yao yanapowaita.

Kibao kingine Desemba 1965, Smith kajitangazia uhuru wake Rhodesia, Muingereza anapiga maneno matupu, OAU, umoja wa nchi huru za Afrika, ikaamua nchi za Afrika zivunje uhusiano na London kama hajachukua hatua. Nchi nyingi ziliamua kwa mdomo tu, sisi tukavunja kweli, na mkopo wa pauni milioni 7.5 uliokuwa unakuja ukasimama palepale. Hela hiyo kwa wakati ule unaijua wewe?

Halafu kuna habari ya Salim Ahmed Salim ambayo vijana wengi hawaijui. Oktoba 1971 Umoja wa Mataifa ukapiga kura Beijing ikae kwenye kiti cha China, Salim alikuwa balozi wetu New York, kijana hata 30 hajafika, tulikuwa mstari wa mbele kuwatafutia kura. Ilivyopita ukumbini watu wakashangilia, ikasemwa Watanzania wamecheza ngoma mbele ya Wamarekani, na balozi wa Marekani pale alikuwa George Bush mzee. Miaka kumi ikapita, 1981 Salim anagombea Ukatibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, Afrika nzima nyuma yake. Mmarekani akaweka kura ya turufu dhidi yake, raundi hii, raundi ile, na Mchina naye akawa anamwekea turufu Waldheim wa Austria, aliyekuwa anagombea tena kiti hicho, hivyohivyo, mpaka wote wawili wakakaa pembeni akapita Pérez de Cuéllar wa Peru. Kwa hiyo Mtanzania alikosa kazi kubwa kuliko zote duniani, na wengi wanaamini ni kwa furaha ya siku moja ya 1971. Mkubwa akinuna kwa nchi anasahau, akinuna kwa mtu hasahau, hilo nimeliona hata hapa Makambako kwenye mambo ya viwanja.

Lakini Mhariri kuna kitu huyu msomaji wenu hakukigusa na ndicho kinanisumbua mimi zaidi. Kutofungamana kwa wakati ule hakukuwa kukaa kimya. Mwalimu alikuwa anasema marafiki zetu hawawezi kutuchagulia maadui, lakini alikuwa na maadui wake aliowachagua mwenyewe na anawasema hadharani. Mwaka 1968 Urusi imeingiza vifaru Czechoslovakia, sisi tuliolaani Marekani kwa Vietnam tukalaani na Urusi, hatukusema aah wale wanatupa silaha za wapigania uhuru tunyamaze. Mwaka huohuo Aprili tukaitambua Biafra, iliyojitenga na Nigeria, sisi wa kwanza duniani, wakati Nigeria inapewa silaha na Muingereza na Mrusi kwa pamoja. Unaelewa hapo? Mashariki na Magharibi wako upande mmoja na sisi tuko upande mwingine! Mtu anaweza kusema lile la Biafra lilikuwa kosa, wazee hapa kijiweni wanabishana mpaka leo, lakini huwezi kusema tulimfuata mtu.

Sasa niambie Machi 2022. Urusi imeingia Ukraine, Umoja wa Mataifa ukapiga kura, sisi hatukupiga ndiyo wala hapana, tukawa kwenye kundi la nchi 17 za Afrika zilizokaa hivyo. Sawa, sina ugomvi na kutopiga kura, huenda lilikuwa jambo la busara. Ugomvi wangu ni kwamba hatukusema kitu cha kueleweka. Mimi bei ya dizeli ilipanda nikaona kwa macho, madereva wanakuja kuomba mali kauli wananiambia mzee nitakulipa nikirudi Tunduma, ngano juu, mbolea juu, wakulima wa mahindi hapa Njombe walilia, halafu nikisikiliza redio sikuelewa nchi yangu inasema nini kuhusu mwenye jeuri na jirani yake mdogo. Majirani zetu Wakenya balozi wao Martin Kimani alisimama Baraza la Usalama hata kabla vita haijaanza, akaeleza mipaka yetu Waafrika tulichorewa na wakoloni London, Paris na Lisbon lakini tukaamua kuikubali tusichinjane, na akawasema na wakubwa wote wanaozoea kuvunja sheria, siyo Mrusi peke yake. Hotuba fupi dunia nzima ikasikia. Lile ndilo neno ambalo zamani lingetoka Dar es Salaam. Ingawa nao Wakenya miaka miwili baadaye wakapewa cheo cha mshirika mkubwa wa Marekani nje ya NATO, kwa hiyo sijui, labda kila mtu ana siku zake.

Huyo ndugu akija hapa kibandani nitamuonyesha na jambo la leo leo. Malori yanayoshuka kwenda bandarini yamebeba shaba, zile sahani nyekundu zimepangwa kwenye trela hata turubai hakuna, na kobalti ya Kongo kwenye magunia makubwa. Shaba hii ndiyo inayogombaniwa na wakubwa, kwa ajili ya magari ya umeme na simu. Mmarekani ameenda kule Angola anatia hela reli ya Lobito, kilomita kama 1,300 mpaka mpakani Kongo, na mpango wa kuingia Zambia, yaani shaba itokee Atlantiki badala ya kuja kwetu. Mchina amerudi TAZARA, Septemba 2024 wakasaini makubaliano Beijing, Xi wa China na mama Samia na Hichilema wa Zambia wote wamesimama pale, na 2025 ukaja mkataba wa miaka 30 wa dola bilioni 1.4 kampuni yao iifufue na kuiendesha. Kufufua kwenyewe kulikuwa lazima maana reli ile ilifika hatua ya aibu, ilijengwa ibebe tani milioni mbili kwa mwaka, mwaka 2014/15 ikabeba chini ya laki moja. Hapo hatukuonewa na mkubwa yeyote, tuliiua wenyewe, mabehewa yakaota majani nikiwa nayaona.

Dereva mmoja wa kwenda Lubumbashi tulikuwa tunabadilisha bushi za gari yake wiki iliyopita akaniuliza, mzee sasa hizi reli mbili zikimaliza kujengwa sisi wa malori tutakula wapi? Nikakosa jibu. Hiyo Mhariri ndio sura ya ugomvi wa wakubwa ukifika chini, haufiki kama vita, unafika kama mtu anayeuliza atakula wapi. Na simu ya yule dereva ni ya Kichina, dawa za ARV za mama yake zinakuja kwa hela ya Mmarekani, akaniambia Januari 2025 Washington iliposimamisha misaada siku 90 nyumba nzima haikulala. Sasa mtu wa namna hiyo unamwambia achague upande, achague upi? Aache simu au mama aache dawa?

Ninachokiona mimi ni kwamba Zambia wamecheza vizuri safari hii, wameshika Lobito mkono mmoja na TAZARA mkono mwingine, kila mmoja anaogopa mwenzake atapendwa zaidi. Sisi tunayo bandari na hatuonekani kama tunaijua thamani yake. Mwaka 2022 mama Samia alikuwa kiongozi wa kwanza wa Afrika kualikwa Beijing baada ya mkutano wao mkuu wa chama, Machi mwaka uliofuata Kamala Harris, wakati huo makamu wa rais wa Marekani, akaja Dar. Ndani ya miezi mitano wote wamebisha hodi. Wakibisha hodi wewe ndio mwenye nyumba, swali ni kama ulishaandika karatasi ya unachotaka au unasubiri wakusomee ya kwao.

Ndio maana naandika, siyo kumbishia ndugu yangu tu. Ule mkataba wa TAZARA wa miaka 30 mimi sijauona, hapa Makambako hakuna aliyeuona, na reli inapita nyuma ya nyumba zetu. Naomba gazeti lenu lenye watu Dar liutafute, lituwekee kwa Kiswahili, nani atapanga nauli ya behewa, vibarua wa hapa watachukuliwa wangapi, mzigo wa mkulima mdogo wa viazi utakuwa na nafasi au ni shaba tu, na ikifika mwaka wa 31 tunarudishiwa reli au chuma chakavu. Kama ni mrefu utoeni kwa vipande kila wiki, tutanunua, hata mimi safari hii nitanunua la kwangu asubuhi.

Naishia hapa kuna mtu anataka klachi ya Freightliner na ninayo ya Howo tu.

Muuza spea,
Makambako